Ndege ya Lamu ikitekwa, nani atazungumza na jamaa zetu?

Kwa Waziri wa Barabara na Uchukuzi, Waziri wa Usalama wa Ndani, na wakuu wa Mamlaka ya Usafiri wa Ndege (KCAA) na Mamlaka ya Viwanja vya Ndege (KAA). Nakala kwa Gavana wa Lamu na wabunge wetu.

Waheshimiwa,

Assalaam alaykum, na wasiokuwa wa salamu hiyo, hamjambo.

Nina swali moja, na mengine yote humu ni maelezo yake. Siku ndege ya abiria iliyotoka kiwanja cha Wilson, Nairobi, kuja Manda, kiwanja chetu cha Lamu, au iliyotoka Malindi kwenda Nairobi, itakapotekwa na mtu anayetaka pesa, nani kati yenu atakayeshika simu? Simuulizii atakayehutubia waandishi wa habari. Huyo twamjua, hakosi kupatikana. Namuulizia atakayezungumza na mtekaji, na yule atakayemwambia mama aliyeko mtaani Langoni kama mwanawe yumo ndani au hayumo.

Sijasikia ndege ya Lamu kutekwa, na naomba Mungu nisisikie. Lakini fidia twaijua, na twajua pia nani huilipa baada ya mateka kurudi kwao.

Tarehe 11 Septemba 2011 watu wenye bunduki walifika Kiwayu, kaskazini ya Lamu, usiku, wakamuua mtalii Mwingereza na kumchukua mkewe. Haikupita hata mwezi, tarehe 1 Oktoba, boti ikaingia Manda, ng'ambo tu ya mji wetu, ikamchukua mama wa Kifaransa ambaye hata kutembea alikuwa hawezi. Huyu wa pili alifia mikononi mwao huko Somalia. Yule wa kwanza alirudi Machi 2012, baada ya jamaa zake kulipa. Katikati ya hayo, Oktoba 2011, jeshi letu likavuka mpaka.

Hayo ndiyo yaliyoandikwa na dunia. Yaliyotukuta sisi hayakupata nafasi kubwa gazetini. Wageni walikatika. Manahodha wa majahazi ya kutembeza watalii walikaa Mkunguni mchana kutwa wakitazama maji. Kisha uvuvi wa usiku ukapigwa marufuku, na marufuku ile ikakaa miaka. Anayejua bahari ataelewa maana yake: mvuvi wa jarife, wavu wetu mkubwa, hutega jioni na kutegua alfajiri, na ukimwambia atoke mchana tu, umemwambia asitoke. Watekaji walikuwa wamekuja kwa boti ziendazo mbio. Aliyezuiwa alikuwa mzee wa Kizingitini na mashua yake ya tanga.

Ikaja Juni 2014, Mpeketoni, watu zaidi ya 60 wakachinjwa na kupigwa risasi kwa siku chache, na amri ya kutotoka nje usiku ikafuata. Barabara ya Garsen kuja Mokowe ikawa ya kusafiri kwa msafara wa polisi. Januari 2020 basi la abiria likashambuliwa Nyongoro, watu wakafa. Siku tatu baadaye kambi ya Manda Bay ikavamiwa, Wamarekani 3 wakauawa na ndege zikateketezwa chini. Hiyo ilikuwa kambi ya kijeshi, yenye askari wa mataifa mawili.

Bahari ikafungwa usiku, barabara ikaogopwa mchana, na ndege, ambayo zamani tukiiona ni ya Wazungu wa Shela, ikawa barabara yetu. Leo katika ndege ya asubuhi utamkuta mgonjwa aliyetolewa hospitali yetu ya King Fahd akipelekwa Nairobi, mwalimu anayerudi kazini, bibi harusi na sanduku lake, afisa wa kaunti anayekwenda kwenye semina (hao hawakosekani), na Mtaliano aliyeungua jua. Nimefanya kazi ya mizigo miaka mingi katika viwanja vidogo vya pwani hii. Nimepima mikoba laini ya kilo 15 na nimewapima wenye mikoba wenyewe, maana kwenye Karavani, ile ndege ndogo ya injini moja, hata unene wa abiria ni hesabu ya rubani. Nawajua wanaopanda.

Kwa hiyo naomba mnisome kama mtu anayezungumzia barabara yake.

Mambo ya ndege kutekwa kwa pesa, tofauti na kutekwa kwa siasa, yana historia ambayo mwayajua kuliko mimi, lakini wenzangu wanaosoma hapa pengine hawaijui. Kisa kinachokumbukwa kuliko vyote kilitokea kwenye ndege ya ndani. Tarehe 24 Novemba 1971, huko Marekani, mtu aliyekata tikiti kwa jina la Dan Cooper alipanda ndege ya kutoka Portland kwenda Seattle. Safari fupi, kama hii yetu ya Nairobi na Malindi. Alivaa suti na tai. Akampa mhudumu kijikaratasi: ana bomu, anataka dola 200,000 na miavuli minne ya kurukia. Shirika likalipa. Abiria 36 wakashushwa Seattle wakiwa salama, ndege ikaruka tena, naye akafungua ngazi ya nyuma ya Boeing 727 akaruka na pesa zake usiku, mvua ikinyesha. Hakuonekana tena. Mwaka 1980 mtoto mmoja aliokota dola 5,800 za zile noti mchangani kando ya mto Columbia. Mwaka 2016 FBI, wapelelezi wa Marekani, wakatangaza kwamba wameacha kumtafuta.

Watu walimcheka polisi na kumsifu mwizi. Mwaka 1972 waigaji wakatoka kila pembe. Februari mwaka huo ndege ya Lufthansa iliyotoka Delhi ilipelekwa Aden, bandari waliyoijua babu zetu, na dola milioni 5 zikalipwa. Novemba ndege ya ndani ya Southern Airways ilizungushwa kutoka mji hadi mji na watu watatu waliodai dola milioni 10 na kutishia kuiangusha kwenye mtambo wa nyuklia wa Oak Ridge. Ilipotua Orlando, FBI walipiga risasi matairi yake. Ndege ikaruka hivyo hivyo na matairi yaliyopasuka, msaidizi wa rubani akapigwa risasi mkononi na watekaji, na abiria wakazidi kuteseka mpaka Havana. Aliyeamuru matairi yapigwe alikuwa na nia njema, bila shaka. Alikuwa hana mpango.

Kilichopunguza wimbi lile kilikuwa kitu cha kawaida kabisa. Kuanzia Januari 1973 kila abiria Marekani alipitishwa kwenye ukaguzi, na mkoba wake pia, hata kama anakwenda mji wa jirani tu. Mpaka hapo, safari ya ndani ilikuwa kama kupanda daladala: unafika, unalipa, unakaa. Wenye mashirika ya ndege wa siku hizo walilalamika kwamba kukagua kila abiria ni ghali na kutachelewesha watu. Nimeyasikia maneno hayo hayo kwa Kiswahili, kwa masikio yangu, kutoka kwa mtu mwenye kitambulisho shingoni, katika kiwanja ambacho sitakitaja.

Hilo ndilo linalonikera, Waheshimiwa. Kila mahali kwenye vitabu vya usalama wa anga, ndege ndogo ya ndani imewekwa pembeni.

Tazameni mkataba wa The Hague wa 1970, ule wa kupambana na utekaji wa ndege. Umesema wazi kwamba hautumiki ila pale ndege iliporukia au ilipotua pawe nje ya nchi ilikosajiliwa. Ndege ya Kenya ikitekwa angani kati ya Wilson na Manda na kushushwa kwenye kiwanja cha vumbi ndani ya Kenya, mkataba huo hauna neno. Mmetuachia sheria za nyumbani, na si vibaya, mradi zifanye kazi. Tazameni Kiambatisho cha 17 cha mkataba wa Chicago wa usafiri wa anga, ambacho ndicho kitabu chenu cha usalama: kwa safari za ndani hatua zinatakiwa zichukuliwe kwa kadiri inavyowezekana, kufuatana na tathmini ya hatari. Kwa kadiri inavyowezekana! Mimi nikimwambia mke wangu nitaleta samaki kwa kadiri inavyowezekana, hatii maji jikoni.

Tazameni na mlango. Baada ya 11 Septemba 2001 dunia ilikubaliana kwamba chumba cha rubani kiwe na mlango usiopenya risasi, lakini kwa ndege za abiria zaidi ya 60 au zenye uzito wa juu zaidi ya kilo 45,500. Karavani inabeba watu kumi na kitu na haina mlango wowote. Abiria wa mbele anaweza kumgusa rubani begani. Dash 8 ndogo, zile za injini mbili, nazo ziko chini ya viti 60. Siombi mweke mlango wa chuma kwenye Karavani, itashindwa kuruka. Nasema hivi: kwa ndege ya namna hii hakuna ulinzi wa pili angani. Ulinzi wote uko chini, pale kwenye meza ya ukaguzi, kwenye ua, na kwenye macho ya yule kijana mnayemlipa mshahara mdogo kuliko wote uwanjani. Akikosea yeye, hakuna mwingine mbele yake.

Na ndege ya ndani haikubali kubaki ya ndani. Februari 1982 Boeing 737 ya Air Tanzania iliyotoka Mwanza kwenda Dar es Salaam ilitekwa na vijana waliotaka Mwalimu Nyerere ajiuzulu. Watu waliotegemea kula chakula cha jioni Kariakoo walipitishwa Nairobi, Jeddah na Athens, wakaishia Stansted, Uingereza. Machi 2016 ndege ya Misri ya kutoka Alexandria kwenda Cairo, mwendo wa nusu saa, iliishia Kupro kwa sababu ya mkanda wa bomu wa uongo. Ile ya Darfur, Sudan, Agosti 2008, ilitoka Nyala ikashukia Kufra, jangwani Libya. Sisi tukiruka kutoka Manda, mpaka wa Somalia ni dakika chache za ndege. Nyinyi mwajua, nao wajua. Novemba 2024 mahakama ya New York ilimtia hatiani Mkenya aliyekwenda Ufilipino kusomea urubani akiwa na mpango wa kuteka ndege kwa ajili ya Al-Shabaab. Kwa hiyo msiniambie nimeota.

Sasa nirudi kwenye pesa, kwa sababu fidia ina ubaya wake wa pekee. Mtekaji wa siasa anawashika abiria wote kwa thamani moja. Mtekaji wa pesa anaanza kuhesabu pasipoti.

Tuliyaona haya baharini. Novemba 2008 maharamia waliteka meli ya mafuta Sirius Star, kusini mashariki ya Mombasa, ikiwa na shehena nzima. Januari 2009 mamilioni ya dola yalidondoshwa sitahani kwa mwavuli kutoka kwenye ndege ndogo, na meli ikaachiwa. Miezi miwili tu. MV Faina, iliyobeba vifaru 33 ikija Mombasa, ilikombolewa kwa dola milioni 3.2 ndani ya miezi isiyofika sita. Halafu kuna Naham 3, meli ya uvuvi, iliyotekwa Machi 2012. Mabaharia wake walikuwa watu wa Ufilipino, Kambodia, Vietnam, Indonesia, China na Taiwan, watoto wa maskini kama sisi. Hao walikaa mpaka Oktoba 2016. Zaidi ya miaka minne, wakila panya, wengine wakifa, kwa sababu hakuna aliyekuwa na haraka nao.

Basi fikirieni ndege yetu ya asubuhi. Mtaliano ana ubalozi. Afisa wa kaunti ana gavana wake. Mgonjwa wa King Fahd ana nani? Ukoo wake ukiuza mashua, ukiuza shamba la minazi la kule Hindi, bara ya Lamu, ukichangisha misikitini kutoka Riadha mpaka Wiyoni, utapata kiasi ambacho mtekaji atakicheka. Mtakaposema, kama serikali nyingi zisemavyo, kwamba hamlipi magaidi, nami nitawaunga mkono, kwa sababu kila fidia inayolipwa ni mtaji wa utekaji unaofuata. Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa liliyasema hayo Januari 2014 katika azimio 2133. Lakini jamaa zenye uwezo hulipa kimya kimya, na twajua hulipa. Msimamo wa kutolipa usipokuwa na mtu wa kusimamia mateka wote kwa pamoja unawaangukia wasio na uwezo peke yao. Mtaliano atatoka. Mwalimu atabaki.

Naomba hili liandikwe kabla: kwamba abiria wa ndege moja ni kundi moja, na anayezungumza kwa niaba ya Kenya anazungumzia wote, mwenye pasipoti nyekundu na mwenye kitambulisho kilichofutika maandishi. Kwamba mazungumzo ya pembeni ya kumtoa mmoja hayatapewa baraka na ofisi yoyote ya serikali. Sina hakika kama mtaweza kuzuia mabalozi, lakini twataka kuisikia kauli yenu mapema, si siku ya tukio.

Na mpango wenyewe? Kuna kisiwa kimoja kinachoweza kuwa somo kwa watu wa visiwani. Novemba 1985 ndege ya EgyptAir iliyotekwa ikitoka Athens ilitua Malta. Makomando wa Misri waliivamia kwa baruti. Takriban watu 60 walikufa, wengi wao kwa moshi na risasi za uokozi ule. Desemba 2016 ndege ya ndani ya Libya, iliyotoka Sabha kwenda Tripoli, ilitekwa ikaletwa kwenye kiwanja kile kile cha Malta na watu 118 ndani. Safari hii walizungumza. Saa chache baadaye wote walishuka kwa ngazi, wazima, na watekaji wakajisalimisha. Silaha zao zilikuwa za bandia. Tofauti nyingine zilikuwepo, najua, na watekaji wa 1985 walikuwa wameshaanza kuua. Lakini mwaka 2016 Malta ilikuwa na watu waliojua wanachokifanya na mkubwa mmoja aliyeamua.

Hapa kwetu mkubwa ni nani? Likitokea Manda, kuna KAA wenye kiwanja, polisi wa viwanja vya ndege, polisi wa kawaida, kamishna wa kaunti, jeshi lililoko ng'ambo, kaunti yenye zimamoto na boti za wagonjwa, na wana maji ambao bila wao hakuna anayefika Lamu mjini, kwa sababu kiwanja kiko kisiwa kingine. Mazoezi yakifanyika, je, manahodha wa boti za abiria huitwa? Mimi sijawahi kuitwa, wala sijakutana na nahodha aliyeitwa. Wao ndio watakaovusha majeruhi na ndio watakaokuwa wa kwanza kuona boti ngeni mkondoni. Askari aliyetoka bara juzi hajui hata maji yanakupwa saa ngapi.

Kuna jambo jingine la bahari ambalo si la askari. Novemba 1996 ndege ya Ethiopia iliyotoka Addis Ababa kuja Nairobi ilitekwa na vijana watatu waliotaka kupelekwa Australia. Rubani Leul Abate aliwaambia mafuta hayatoshi. Hawakumwamini, kwa sababu jarida la ndani ya ndege lilionyesha kwamba ndege ya aina ile hufika mbali hivyo. Akaambaa na pwani ya Afrika akitumai, wakashtuka, wakamgeuza baharini. Mafuta yaliisha karibu na Ngazija, Komoro. Ndege ikaanguka majini mbele ya hoteli, watu wakiwa ufukweni wanatazama. Kati ya watu 175, 125 walikufa, akiwemo Mohamed Amin, mpigapicha wetu aliyeionyesha dunia njaa ya Ethiopia mwaka 1984. Wengi hawakuuawa na mshindo. Walijaza upepo majaketi yao ya kuokolea wakiwa bado ndani ya ndege, maji yakapanda, wakanyanyuliwa hadi darini, wakashindwa kupiga mbizi kufikia mlango.

Ndege zetu hushuka na kuruka juu ya maji. Maelezo ya jaketi, nikiwa abiria, nimeyasikia mara nyingi kwa Kiingereza cha haraka, rubani akiwa ameshageuza shingo, na bibi aliye kando yangu akinitazama nimfasirie. Sentensi moja kwa Kiswahili ingetosha: usijaze upepo mpaka utoke nje. Hiyo haihitaji bajeti wala mkataba. KCAA wanaweza kuiagiza kesho.

Nije kwenye ukaguzi, ambao nimesema ndio ulinzi wetu wote. Twautaka. Twautaka kwa kila abiria na kila mzigo, pamoja na mizigo ya wakubwa wanaoletwa na gari mpaka chini ya bawa. Lakini ukaguzi wa sura si ukaguzi. Kijana wa Kibajuni mwenye kanzu anavutwa kando, anaulizwa babu yake alizaliwa wapi, huku mtu mwenye suti akipita na mkoba wake bila kusimama. Cooper alivaa suti. Wanawake wetu wakaguliwe na wanawake, penye pazia, na hiyo isiwe hisani ya siku ambayo afisa wa kike yuko zamu. Mtu aliyekaguliwa kwa heshima huwa jicho la pili la askari. Aliyedhalilishwa ataona kitu cha ajabu na kukaa kimya, na hatutaweza kumlaumu.

Sikutaja mapengo niliyoyaona, na si kwa kusahau. Julai 1999, Japani, mtu mmoja aliona kasoro katika mpangilio wa kiwanja cha Haneda, ambayo ilimwezesha abiria kuingia na kitu asichoruhusiwa. Aliwaandikia wahusika barua. Haikuzibwa. Akaitumia mwenyewe: akapanda na kisu kwenye ndege ya ndani ya kwenda Sapporo yenye watu zaidi ya 500, akamuua rubani, akakaa kwenye usukani mpaka wafanyakazi wengine wa ndege walipomshinda nguvu, ndege ikiwa chini sana. Mtu yule alikuwa mgonjwa wa akili na kosa ni lake. Lakini barua ilikuwa imefika. Ya kwangu niliyoyaona nitayaleta kwa mkono, kwenye ofisi mtakayonielekeza, kwa afisa atakayetia sahihi kwamba amepokea. Na tafadhali msije mkanifuata nyumbani usiku kuniuliza nimeyajuaje. Nimeyajua kwa kubeba mizigo.

Mwisho nadai ahadi, na hapa sitasema naomba. Ndege ikitekwa, au ikinusurika kutekwa, kuna mtu Nairobi ambaye asubuhi ya pili atataka kuonekana amefanya jambo. Jambo jepesi kuliko yote litakuwa kuifunga Manda, au kusimamisha ndege ndogo, au kutaka kila mwenyeji wa Lamu aje na barua ya chifu kabla ya kukata tikiti. Ndivyo ilivyokuwa kwa jarife. Mwekeni mtu huyo pingu za maandishi tangu sasa: marufuku yoyote itakayotolewa iwe na tarehe ya kumalizika, iwe na sababu iliyoandikwa, na iwe na njia ya wagonjwa wa King Fahd kusafiri siku hiyo hiyo. Msiseme mtalifikiria likitokea. Mwaka 2011 pia mlisema ni kwa muda.

Jibu lenu lisiletwe kwa simu ya mtu kumwambia mtu. Libandikwe kwenye gati la Manda, kwenye kiwanja cha Malindi na kwenye ofisi ya kamishna wa kaunti, kwa Kiswahili, likiwa na cheo cha atakayeshika ile simu na nambari ambayo jamaa wa abiria wataipiga. Nambari hiyo tutaijaribu sisi wenyewe, siku ya kawaida, tuone kama inapokelewa.

Wenu,

Mstaafu wa kazi ya mizigo,
Langoni, Lamu